Pa Kusimama

Kwenye koito, sherehe yetu ya posa, mpiga video hana kiti. Wazee wa pande zote mbili wamepangiwa viti vyao, akina mama wana mabenchi yaliyoazimwa kanisani, na wachumba wana sofa iliyotolewa sebuleni ikatandikwa kitambaa cheupe chini ya hema. Hata kibuyu cha mursik, maziwa yetu ya mgando, kina mahali pake. Mimi na kamera yangu tunapewa sahani ya wali na nyama, tunaambiwa tule upesi, kisha tuzunguke. Huu ni mwaka wa kumi na nne nazunguka hivyo hapa Bomet, kutoka Longisa hadi Mulot, hadi Merigi na Sigor, kwenye harusi, mazishi na mahafali. Kama kuna elimu niliyoiokota katika kuzunguka huko, ni kwamba watu huisamehe kamera au huilaani kulingana na mahali iliposimama.

Chukua mazishi. Ukisimama miguuni pa kaburi unapata sura za wafiwa wote kwa mara moja, na kila mfiwa anakuona. Ukijipenyeza ubavuni mwa wabeba jeneza, bega kwa bega nao, unapata nusu ya picha na tope la kutosha, lakini jioni hakuna anayekumbuka kwamba ulikuwapo. Wateja hulipia picha ya kwanza. Mimi huipenda ya pili, na mara nyingi naibakiza kwenye diski kwa ajili yangu tu.

Siku moja, kwenye koito mbali kidogo na hapa, wazee walifika kwenye hesabu ya ng'ombe. Mmoja akaninyoshea fimbo: "Wewe kijana wa picha, hapo sasa zima." Sikuzima. Niliishusha kamera ubavuni, taa nyekundu nikaifunika kwa kidole, ikaendelea kurekodi. Usiku nilipokaa kuhariri nilikuta dakika ishirini za viatu vyangu, na juu ya viatu sauti za wazee wakibishana kwa upole wao wa kutisha. Nilifuta. Sikuwa nimechukua ng'ombe wa mtu, ila nilijiona mwizi wa mifugo.

Ndiyo sababu siku nilipoiona filamu ya Dieudo Hamadi, mwongozaji wa Kongo, kwa mara ya kwanza, Nairobi, nilikokuwa nimepeleka lenzi kutengenezwa na rafiki akanivuta kwenye onyesho dogo la jioni, akili yangu haikwenda kwenye hadithi. Ilikwenda kutafuta miguu ya mpiga picha. Huyu mtu amesimama wapi? Na nani alimruhusu?

Filamu ilikuwa *Examen d'État*, ya mwaka 2014, yaani mtihani wa taifa, ule wa kumaliza sekondari nchini Kongo. Mahali ni Kisangani. Wanafunzi wanatolewa darasani kwa sababu hawajalipa "prime", pesa ambayo wazazi wa Kongo wamekuwa wakiwachangia walimu tangu miaka ya mwanzo ya 1990, serikali ya Zaire iliposhindwa kulipa mishahara ya kueleweka. Wanaofukuzwa hawaendi nyumbani. Wanatafuta nyumba, wanalala humo pamoja, wanafundishana, wanapika, wanagombana. Nyumba kama hiyo wanaiita "maquis", neno la Kifaransa la maficho ya wapiganaji wa msituni. Siku zinavyosonga wanaongeza silaha nyingine: maombi kanisani, na mwishowe njia za panya za kupata majibu kabla ya karatasi kufunguliwa.

Msomaji wa Kenya ameshaanza kutabasamu. Nani kati yetu hakuwahi kurudishwa nyumbani kwa sababu ya karo? Nani hakuketi kwenye siku ya maombi ya kidato cha nne, kalamu zimeinuliwa juu, mhubiri akizikemea pepo za kushindwa? Na ule mchezo wa majibu ya kununua tunaujua hadi bei. Mwaka 2016 serikali ilipoyabana makasha ya mitihani, alama za A nchi nzima zilikuwa 141 tu, na kila mtu akaelewa maana yake bila kuambiwa. Kwa hiyo tunakuja kwenye filamu kama hii tukiwa na hukumu mfukoni. Wale ni wezi wa mtihani. Tumemaliza.

Hamadi hajaribu kuwatetea. Hakuna sauti ya msimulizi inayotuambia kuwa umaskini umewafikisha hapo. Hakuna mtaalamu aliyeketishwa mbele ya rafu ya vitabu kueleza mfumo wa elimu. Anachofanya ni kuingia ndani ya maquis na kukaa, hadi udanganyifu wenyewe unaonekana kama kazi nyingine ngumu, yenye ratiba, michango, wajibu na uchovu. Vijana hawa wanafanya kazi zaidi ya mwanafunzi yeyote niliyewahi kumpiga picha ya mahafali akiwa amevaa joho. Ukitaka kuwahukumu baada ya hapo, hukumu, lakini utahukumu watu uliokwisha kukaa nao.

Nilijaribu kuhesabu umbali, maana huo ndio ugonjwa wangu. Mara nyingi kamera yake imo mkononi, karibu sana, na lenzi haivuti mambo ya mbali. Kuna tofauti kubwa kati ya sura iliyovutwa kwa lenzi ndefu kutoka ng'ambo ya barabara na sura iliyopigwa kwa lenzi pana na mtu aliyeko hatua moja tu. Kwa macho ya haraka zinafanana. Ila katika ya kwanza dunia nyuma ya mtu imelainika kama uji, na katika ya pili unaona ukuta, ndoo, jirani anayepita, mkono wa mwenzake. Lenzi ndefu ni ya askari kanzu, na ni yangu pia, siku za mazishi ya watu wakubwa. Lenzi pana inamlazimu mpiga picha aombe ruhusa kwa mwili wake wote: akae pale hadi jasho lake liwe jasho la chumba.

Sauti pia. Sisi wa harusi tunaiua sauti kwa wimbo, tunaweka gitaa la injili juu ya kila kitu, hata juu ya kiapo. Hamadi husikiliza. Kelele za mtaa wa Kisangani, watu watatu wakisema kwa pamoja, mtu akikatizwa kabla hajamaliza, yote yamo. Na mara nyingi ni yeye mwenyewe anayeshika kamera na kushughulikia sauti. Asiyewahi kuifanya kazi hiyo peke yake hawezi kujua maana yake. Jicho moja liko kwenye fokasi, sikio moja kwenye betri ya maikrofoni, na kichwa kinapima kama huyu anayeongea sasa ataendelea au atanyamaza. Hapo kwenye kunyamaza ndipo fundi hujulikana. Sisi hukata maneno yanapoisha. Yeye hubaki.

Niliporudi nyumbani nilimtafuta. Alizaliwa Kisangani mwaka 1984, akasomea mambo ya tiba kwa miaka michache kabla ya kuiacha njia hiyo na kushika kamera. Napenda kufikiri kwamba ile miaka haikupotea. Mwanafunzi wa tiba hufundishwa kukaa kando ya kitanda na kumwacha mgonjwa aseme panapouma kabla ya kumgusa. Filamu zake fupi za mwanzo, mwaka 2009 na 2010, zilikuwa hapo hapo pa wagonjwa na waumizwa. *Dames en attente*, aliyoiongoza pamoja na Divita Wa Lusala, inahusu akina mama waliojifungua na kuzuiliwa wodini hadi deni lilipwe. Ilijumuishwa katika mkusanyiko wa filamu nne za Kongo uliofika tamasha la Berlin mwaka 2010.

Kisha akageukia watu ambao mji umeshawapa jina baya. Katika *Atalaku* ya mwaka 2013 anamfuata Gaylor, mchungaji asiye na kitu wa mitaa ya Kinshasa, wakati wa uchaguzi wa 2011. Atalaku ni yule mpiga kelele wa bendi za Kikongo, anayetaja majina ya watu katikati ya wimbo na kuichemsha dansi hadi sakafu itetemeke. Gaylor anauleta ufundi huo kwenye siasa: anamwimbia na kumpigia debe mgombea mwenye pesa. Kwetu tungemwita chawa, au mpiga debe, na tungemaliza hapo.

Hii ndiyo filamu yake ninayoipenda kwa shingo upande. Mtu ambaye kazi yake ni kupiga kelele kwa malipo atapiga kelele kwa kamera pia, hata bila malipo, na nyakati nyingine sikujua nani anamtumia nani. Lakini ndani yake kuna ujanja ambao nimejaribu kuuiga bila mafanikio. Hamadi hapendezwi sana na jukwaa. Anapendezwa na bei. Anakaa palipo na maafikiano, pale ambapo sauti ile kubwa inashuka na kuwa sauti ya mtu anayehitaji kula leo. Kampeni zetu za Bomet nimezipiga video mara tatu, na kila mara nilirudi na majukwaa matupu: mikono juu, vumbi, magari. Bei sikuipata hata mara moja. Nilikuwa nimesimama mbele, mahali pa mgeni rasmi.

Halafu kuna *Kinshasa Makambo* ya mwaka 2018. Makambo kwa Kilingala ni matatizo, mambo mazito. Rais Joseph Kabila alipaswa kuondoka madarakani Desemba 2016 na hakuondoka. Vijana watatu, Christian, Ben na Jean-Marie, wamo barabarani wakimtaka aende. Mmoja ametoka gerezani, mwingine amerudi kutoka uhamishoni. Wanabishana juu ya jambo ambalo kila kijana wa maandamano hubishana: tumshike mkono mzee wa upinzani, au tuende wenyewe? Tuongee au turushe mawe?

Kwenye taarifa ya habari vijana kama hao wana sura moja tu, kitambaa puani na mkono uliorudi nyuma na jiwe. Hamadi anakimbia nao kwenye moshi, kamera inaruka, unaona lami, kiatu, anga. Kwa kawaida mimi huichukia picha ya kuruka. Kwa wengi ni uvivu uliojivika ushujaa. Hapa nilivumilia, kwa sababu filamu haikuishi kwenye moshi. Uzito wake uko vyumbani, kwenye mikutano ya usiku, simu zisizoshikwa, kijana anayetaka kusema kitu na wenzake wamechoka kusikiliza. Maandamano ya dakika kumi yanahitaji majuma ya kubishana, na yeye amepiga majuma. Baada ya Juni 2024, vijana wetu walipoingia barabarani kuupinga muswada wa fedha, niliikumbuka sana. Zilipigwa picha nyingi mno siku zile, na nyingi zilikuwa za moshi.

Kuna mahali pananisumbua katika kazi yake, na nisiposema nitakuwa nimemsifia kama MC. *Maman Colonelle* ya mwaka 2017 inamfuata Kanali Honorine Munyole, afisa wa polisi wa kulinda watoto na wanawake, anayehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Kwa Mswahili ni filamu tamu kusikiliza. Kiswahili cha Bukavu kinapita masikioni kama jamaa wa mbali aliyevaa nguo ngeni lakini mwenye pua ya nyumbani. Huko Kisangani anakutana na watoto wanaoitwa wachawi. Tuhuma hiyo Kongo imewatupa watoto wengi mitaani, wakawa wale ambao Kinshasa huwaita shege, watoto wanaoogopwa, wanaokimbizwa na kulaumiwa kwa kila kilichoibwa. Hamadi yupo na kamera wanapokutwa wamefungiwa na kuteswa kwa jina la maombi. Kamera haiyumbi. Niliangalia sehemu hiyo nikiwa nimesimama nyuma ya kiti changu, nimeshika mgongo wa kiti. Je, ningeshusha kamera? Nadhani ningeishusha, na watoto wale wasingeonekana na mtu yeyote nje ya ule ua. Sijalimaliza jambo hili. Mke wangu, aliyekuwa anapanga sare za watoto, alitazama dakika chache akasema, "Huyo mama polisi ndiye amemwachia asimame hapo." Huenda ni hivyo. Labda mtu anayejua pa kusimama hujua pia nyuma ya nani.

Filamu ya mwaka 2020, *En route pour le milliard*, yaani njiani kuifuata bilioni, iliyoingia kwenye orodha rasmi ya Cannes, ya kwanza kutoka Kongo kufika hapo, nitaipita kwa haraka ingawa wengi huiona kuwa kilele chake. Waathiriwa wa Vita vya Siku Sita, wakati majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana ndani ya Kisangani Juni 2000, wanapanda boti na kushuka mto Kongo hadi Kinshasa kudai fidia. Wengi wao wamekatwa viungo. Hamadi alikuwa kijana wa miaka kumi na sita hivi mji wake ulipopigwa mabomu, kwa hiyo hapa hakuwa na haja ya kutafuta pa kusimama. Mvua inawanyeshea juu ya maji, wanashikilia turubai pamoja, na unajua kwamba mwenye kamera ameloa vilevile. Nilichopenda zaidi ni kitu kidogo: anaacha wanaodai haki wawe wakorofi, wagombane, wadanganyane, wachoke na wenzao. Mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita. Bilioni ile ya kwenye jina la filamu ilibaki kwenye jina.

Wakati mwingine nikitafakari mambo haya huwa nakumbuka Kapkatet, si mbali na hapa, upande wa Litein. Mwaka 1950 mtafiti wa muziki Hugh Tracey alifika huko na mashine zake za kunasa sauti akawarekodi Wakipsigis, wakiwemo wasichana walioimba wimbo wa *Chemirocha*. Inaelezwa kwamba jina hilo ni Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Kimarekani aliyekuwa amefika huku kwa santuri, akageuzwa na ndimi zetu kuwa kiumbe nusu mtu nusu swala, anayealikwa aje acheze hadi nguo zimvuke. Fikiria vile wazee na wamisheni wa wakati ule walivyowaona wasichana wa wimbo kama huo. Tracey alirekodi, akaandika maelezo yake, akaondoka. Tunamshukuru, maana bila yeye kisingebaki kitu. Zaidi ya miaka sitini ilipita kabla ya watu wa Ketebul Music, akiwemo Tabu Osusa, na wenzao wa maktaba ya muziki ya Afrika Kusini aliyoianzisha Tracey, kuzirudisha sauti zile kijijini. Wimbo wenyewe ni mfupi. Mimi ningetoa droni yangu nipate kujua walichokuwa wakiongea kabla ya kuimba na baada ya kumaliza, nani alicheka, nani alikatazwa kuja. Kiu hiyo nimeipata kwa Hamadi.

Kenya hatuko patupu. Sam Soko alimfuata Boniface Mwangi kwa miaka mingi kwa ajili ya *Softie*, iliyopata tuzo ya uhariri Sundance mwaka 2020, na ninaipenda zaidi pale ambapo mwanaharakati yuko jikoni na mkewe amekasirika. Peter Murimi alitumia miaka mitano na kijana mmoja na familia yake kutengeneza *I Am Samuel*. Bodi ya kuainisha filamu ikaipiga marufuku Septemba 2021. Huku kwetu ni wachache walioziona. Kibanda cha video kinaonyesha sinema za DJ Afro, na sina neno baya la kumsema DJ Afro, aliyewafanya Wachina na Wahindi waongee kama watu wa Gikomba. Ila mazoea hayo yametutengenezea masikio ya kutaka kuelezwa. Niliwaonyesha vijana wawili wanaonisaidia kazi dakika kumi za *Examen d'État*. Mmoja akauliza, "Sasa huyu wa kuongea ataingia saa ngapi?"

Swali zuri. Mei 2023, huko Kericho, waandamanaji waliingia kwenye mashamba ya kampuni ya Ekaterra wakachoma mashine za kuchuna chai. Mtu mmoja akapoteza maisha. Mashine moja inafanya kazi ya mikono mingi sana, na mikono hiyo ni ya mama zao, shangazi zao, na yao wenyewe. Habari zilileta moto. Wa kuongea aliingia mapema sana, na kabla ya jioni vijana walikuwa wameshapewa jina: wahuni. Nilikuwa na kamera, nilikuwa na pikipiki, na safari ya kutoka Longisa hadi kule kwenye mashamba ni saa chache. Sikuenda. Nilikuwa na harusi Jumamosi, na ukweli ni kwamba sikujua ningesimama wapi. Upande wa moshi wapiga picha walikuwa wamejaa. Mahali palipokuwa wazi ni nyumbani kwa mmoja wao, juma moja kabla, mama akirudi na kilo chache kuliko jana. Hapo hufikiwi na mtu anayekuja na habari za leo.

Kwa hiyo nimeanza na kilicho karibu. Steji ya bodaboda ya hapa Longisa iko mwendo wa dakika tano kutoka mlangoni kwangu. Kila mtu ana neno juu ya hawa vijana: ndio wanaoharibu wasichana wa shule, ndio wanaochoma magari ajali ikitokea, ndio jeshi la kila mwanasiasa. Machi 2022, baada ya mwanamke mmoja kudhalilishwa na waendesha boda Nairobi, msako ulitangazwa nchi nzima, na hata hapa, kilomita zaidi ya mia mbili kutoka huko, waliegesha pikipiki majumbani kwa siku kadhaa.

Juma la kwanza nilikuwa sinema yao. Walivaa miwani, waliinua tairi la mbele, walipanga mstari. "Buda, hii itaenda TikTok?" Mmoja alitaka kujua nitawalipa ngapi, nikamwambia sijui kama hii ni kazi au ni ujinga wangu, akasema ujinga pia unalipiwa. Juma la pili walinichoka. Nilikuwa nakaa kwenye benchi lao bila kuiwasha kamera, nikishika simu za wanaoenda msalani, nikimwitia mteja aliye ng'ambo. Nilijifunza nani anadaiwa malipo ya kila siku ya pikipiki na nani amemaliza deni lakini anajifanya bado analipa, ndugu wasije kuomba. Sikupiga hata sekunde moja ya hayo.

Juma la tatu, alasiri, mvua ikaja na wateja wakaisha. Tulijibana chini ya mabati watu tisa. Kijana ambaye siku ya kwanza aliinua tairi juu kuliko wote alikuwa amepiga magoti kwenye mchanga akihangaika na cheni iliyotoka, huku wenzake wakibishana kwa Kikipsigis juu ya mchango wa mwenzao aliyelazwa: nani ametoa, nani anasema ametoa. Niliwasha kamera. Hakuna aliyegeuka. Yule wa cheni alivua helmeti, akatazama ardhi yenye maji, akatazama huku na huku, kisha akaninyoshea bila kuniangalia usoni.

"Shika hii, buda."

Nikaishika kwa mkono wa kushoto, kamera ikiwa kulia. Picha ya alasiri ile imepinda, na kipande cha chini chote kimezibwa na helmeti nyekundu yenye mkwaruzo. Ninayo kwenye diski hapa nyumbani. Nimeihariri mara mbili na sijaikata.